Karatasi ya Kijani

"Mama, wewe ni nani wa mgonjwa?"

"Mke wake."

Nesi akatazama kompyuta. Akamtazama Chizuru. Akarudi kwenye kompyuta.

"Hapa imeandikwa hana mke."

"Aliyeandika amekosea. Andika sasa. Chizuru Kunugi, mke. Nimetoka Morioka na treni ya kwanza, sijanywa hata chai. Daktari amesema Jumatatu wanampasua koo kutoa uvimbe, na mnataka ndugu aweke sahihi. Haya, nimekuja. Nipe kalamu."

"Huyo mama asipewe kalamu."

Sauti ilitoka nyuma. Chizuru aliijua kabla hajageuka. Ilikuwa ya Kuramochi, bosi wa ofisi ya wasanii, mtu ambaye viatu vyake vilikuwa safi kuliko maneno yake.

"Nesi, samahani sana," akasema akiinama kwa adabu zote. "Huyu ni shabiki wa zamani. Tunao wengi wa namna hii. Wengine wanasema wamezaa naye."

"Shabiki?" Chizuru akadhani amesikia vibaya. "Kuramochi, wewe! Umekula mezani kwangu bakuli tatu za supu ya hittsumi ukaomba ya nne, leo mimi shabiki?"

"Twende pembeni, mama."

"Siendi pembeni! Miaka ishirini na mitatu mmeniweka pembeni!"

Watu wa foleni wakainua vichwa kwenye simu zao. Kuramochi akamshika kiwiko, akamsogeza hadi kwenye mashine ya kahawa za makopo, akafungua mkoba. Akatoa karatasi, nakala iliyopauka, yenye mistari ya kijani.

Japani nzima inaijua rangi hiyo. Karatasi ya kuoana ina mistari ya kahawia. Ya kijani ni ya kuachana.

"Mliachana, Chizuru. Tarehe tisa mwezi wa sita, miaka ishirini na moja iliyopita. Ilipokelewa, ikagongwa muhuri, ikaingia kwenye daftari la familia. Wewe si ndugu wa mgonjwa. Kisheria wewe ni mpita njia."

"Nani aliachana?"

"Soma mwandiko."

Chizuru akasoma. Takenobu Kunugi. Chini yake, Chizuru Kunugi. Mashahidi wawili, wa kwanza Kuramochi mwenyewe.

Akaegemea mashine. Hakuwahi kuishika karatasi ile maishani mwake. Lakini jina lake lilikuwa pale, na mwandiko ule aliufahamu. Ule mstari wa mwisho unaovutwa mrefu, kama mtu anayemalizia kuvuta uzi wa gitaa. Kadi zote za mwaka mpya alizotumiwa na mumewe zilikuwa na mstari ule.

"Onyesho ni Jumamosi ijayo," Kuramochi akasema akiirudisha karatasi mkobani. "Miaka ishirini na mitano ya Raiga. Akishaimba, nitaweka sahihi mimi kama mdhamini wake, wamkate. Wiki moja haiui mtu."

"Daktari amesema inaua."

"Daktari hajui kazi ya muziki."

Wakubwa ndivyo walivyo. Ugonjwa uko kwenye koo la mtu mwingine, ratiba iko mikononi mwao.

* * *

Mgonjwa mwenyewe alikuwa Raiga. Raiga wa bendi ya Tetsubin, yule mwenye nywele nyekundu, aliyeimba kama mtu anayechanika kifua. Baadaye akaingia kwenye maigizo, na kila Jumapili saa mbili usiku nchi nzima ikamtazama akichomoa upanga. Jina la Raiga lilikuwa mali ya ofisi. Jina alilopewa na mama yake lilikuwa Takenobu.

Takenobu huyo alimpata Chizuru kwenye kiti cha kinyozi huko Morioka. Aliingia dukani kwa baba yake Chizuru akitaka nywele zipakwe rangi nyekundu. Chizuru akamwambia, "Sisi hapa tunanyoa, hatuchori." Akarudi kesho yake. Na kesho kutwa. Mwezi wa tatu hakuwa na nywele za kunyoa tena, akawa anaingia tu kukaa.

Wakaoana kimya kimya, kwa sababu ofisi ilikuwa na kanuni: nyota hana mke. Chizuru akabaki Morioka na duka la vinyozi. Mumewe alikuja sikukuu ya wafu mwezi wa nane na mwaka mpya, kwa mlango wa nyuma, na kofia na barakoa.

"Yule binamu yako muuza vigae," jirani alikuwa akisema, "mbona anafanana na Raiga?"

"Wanamwambia wengi."

"Raiga ni mzuri zaidi lakini."

"Sana tu."

Usiku wake walikuwa wakicheka hadi wanaumwa mbavu. Ndiyo ndoa aliyokuwa nayo. Ndogo, lakini yake. Na leo anaambiwa ilikufa zamani, wala hakualikwa msibani.

* * *

Ijumaa hiyo hiyo, saa nane mchana, alikuwa dirishani ofisi ya manispaa. Karani akamletea nakala ya daftari la familia.

"Ni kweli, dada. Ndoa ilivunjwa tarehe tisa."

"Bila mimi kuja?"

"Karatasi ikijazwa sawasawa, yeyote anaweza kuileta. Siku hizi tunamtumia barua yule ambaye hakuja. Enzi hizo hatukuwa tunatuma."

"Ishirini na moja! Ningejua! Kadi ya bima, leseni, vyote vinaniita Kunugi!"

Karani akageuza ukurasa, akaweka kidole.

"Kuna karatasi ya pili. Uliomba uendelee kutumia jina la ukoo wa mume. Iliingia siku hiyo hiyo."

"Mimi niliomba?"

"Imeandikwa hivyo."

Chizuru akacheka. Kilikuwa kicheko kibaya, hata karani akarudi nyuma kidogo. Walimvunjia nyumba wakamwachia kibao cha mlangoni, ili asijue haina kuta.

"Na ninyi wenye mihuri," akasema, "hamkuuliza hata kidogo?"

"Sisi tunakagua karatasi, dada. Mioyo hatukagui."

Nje akatoa simu. Akaandika mara tatu akifuta.

"Takenobu. Sisi tuliachana lini?"

Akasubiri. Asiye na habari angejibu, unasema nini wewe? Angejibu, umelewa? Chizuru alisimama kando ya baiskeli za watu, akiomba apate jibu la namna hiyo, hata liwe tusi.

Simu ikalia.

"Njoo nikueleze. Tafadhali usiniulize kwenye simu."

Akakaa chini palepale, kwenye ukingo wa njia. Alijua. Mumewe alijua.

* * *

Jumamosi asubuhi alirudi hospitali na kimfuko cha ngozi cha wembe, alichoachiwa na baba yake.

"Mama," nesi akasema kwa huruma, "nimeambiwa nisikuruhusu. Si ndugu."

"Sikuja kama ndugu. Shingo ya mgonjwa inanyolewa kabla ya upasuaji, au hainyolewi?"

"Inanyolewa."

"Mimi ni kinyozi. Leseni hii hapa."

Nesi akaitazama leseni, akautazama uso wake.

"Kinyozi anaruhusiwa," akasema. "Dakika ishirini."

Mke anazuiwa mlangoni, kinyozi anapita na wembe mkononi. Anayezitunga hizi kanuni hajawahi kulala hospitali.

Takenobu alikuwa ameketi dirishani. Alikuwa amekonda, nywele zimekuwa kijivu, sauti imebaki mkwaruzo. Mzee Sugae, mpiga ngoma wake tangu Morioka, alikuwa kwenye kiti akimenya chungwa.

"Chizu," akasema Takenobu.

"Kaa vizuri. Inua kidevu."

Akampaka povu. Akaukunjua wembe. Sugae akaacha kumenya.

"Shemeji," akasema polepole, "huo wembe ni wa kazi tu, siyo?"

"Itategemea na majibu."

Ukapita mvuto wa kwanza, kutoka chini ya sikio hadi kooni, mahali penyewe penye uvimbe.

"Nani aliandika jina langu?"

Takenobu akaikodolea dari macho.

"Takenobu, nauliza nikiwa na adabu. Nani?"

"Mimi."

Mkono wa Chizuru ukasimama. Wembe ulikuwa juu ya mshipa. Sugae akasimama, chungwa likaanguka.

"Rudia."

"Mimi. Kwa mkono wangu." Akameza mate kwa shida, wembe ukapanda na kushuka pamoja na koo. "Gazeti la wiki lilikuwa limetupiga picha, wewe na mimi, kwenye mlango wa nyuma. Kuramochi akaja chumba cha kujipamba na ile karatasi. Akasema weka sahihi, na ya mkeo iandike, inaingia kabatini kama dhamana. Gazeti likichapisha, tunaitoa, tunasema mliachana zamani. Lisipochapisha, inaoza humo humo. Usipotaka, akasema, jina la Raiga ni langu, kesho nampa mtu mwingine."

"Ukaandika."

"Nikaandika. Gazeti halikuchapisha. Kila mwaka nilitaka kukwambia. Nikifika nyumbani, ukanifungulia ule mlango wa nyuma, nikawa naona haya."

"Ishirini na moja, Takenobu! Mwaka mpya ishirini na moja!"

"Najua."

"Hujui! Nimekuosha mgongo, nimemzika baba yangu wewe ukiwa umejificha nyuma ya pazia kama mwizi, nikisema si kitu, ni mume wangu, nami ninajua hivyo, inatosha. Inatosha! Kumbe hata hicho hukuniachia!"

Akavuta wembe mvuto wa pili. Ulikuwa mwepesi, safi, wa mtu aliyefanya kazi hiyo miaka thelathini. Machozi yalimtiririka lakini mkono haukuyumba.

"Iko kabatini," Takenobu akasema. "Haijawahi kutoka. Kuramochi aliniapia."

"Ilipelekwa mwaka ule ule, tarehe tisa mwezi wa sita."

"Hapana."

"Na nyingine."

"Nyingine ipi?"

Chizuru akatoa nakala ya manispaa, akaishika mbele ya macho yake. Takenobu akasoma na povu usoni, midomo ikisogea. Akasoma tena. Rangi ikampotea usoni hadi Sugae akamshika bega.

"Hii siijui," akanong'ona. "Chizu, naapa. Ile ya kijani ni yangu. Hii siijui."

"Karatasi ya kuoza kabatini haihitaji mwenzake. Hii ililetwa ili nisishtuke. Tangu mwanzo alikuwa anaipeleka."

Takenobu akafumba macho. Alikuwa ameigiza kufa mara nyingi kwenye televisheni, kwa mishale, kwa panga, kwa sumu. Safari hii hakuigiza.

Chizuru akamfuta povu kwa taulo.

"Sikusamehe leo," akasema. "Nikikusamehe leo nitakuwa nimesamehe ugonjwa. Lakini sitaki ufe ukiwa mali ya ofisi. Mzee Sugae, nenda manispaa. Dirisha la mlinzi liko wazi hata Jumamosi. Leta karatasi ya kahawia."

"Shemeji, nakwenda mbio."

"Umri huo usikimbie. Tutakuwa na wagonjwa wawili."

* * *

Kuramochi aliingia Sugae akiwa ndiyo kwanza amerudi na karatasi; nesi alikuwa amejisahaulisha zile dakika ishirini. Aliona kimfuko cha wembe, akaona mistari ya kahawia, akatabasamu.

"Mnacheza harusi?"

"Keti, bosi," akasema Takenobu.

"Nina haraka. Tangazo la mwisho la onyesho linatoka Jumatatu..."

"Keti."

Kuramochi akaketi. Hakuwahi kuamriwa na mtu huyu.

"Ile karatasi uliniapia iko kabatini."

"Takenobu, ilikuwa kwa faida yako. Umekuwa nani bila..."

"Sikuulizi. Naona tu." Alipumzika, akavuta pumzi. "Jumatatu nakatwa. Sitaimba Jumamosi wala siku nyingine."

"Basi jina ni langu! Nakukumbusha mkataba! Raiga ni wa ofisi! Hutaigiza kwa jina hilo, hutauza hata picha!"

"Nimemaliza kuliogopa hilo. Wakili wangu yuko tayari kuligombania mahakamani hata miaka mitano, na wewe unajua angekusumbua. Leta karatasi nikuachie lote, leo, bila kesi. Vaa wewe, mvishe mbwa wako."

Macho ya Kuramochi yaling'aa kabla hajaweza kuyazuia.

"Na unataka nini?"

Aliyejibu ni Chizuru. Akaisukuma karatasi ya kahawia juu ya meza.

"Nafasi ya mashahidi ni mbili. Mzee Sugae ameshaweka. Hii ya pili ni yako. Ulishuhudia tukiachana, shuhudia tukioana."

"Huu ni upuuzi."

"Ni upuuzi. Andika."

Kuramochi alimtazama mmoja, akamtazama mwingine. Kisha akaichomoa kalamu yake ya wino mzuri, akaandika jina na anwani, haraka, kama mtu anayepokea mzigo. Jina la Raiga lilikuwa na thamani kwake kuliko mwenye jina. Mkubwa ukimshikisha anachokitaka, hata hati ya aibu yake ataiwekea sahihi.

Alipotoka na hati ya jina yenye sahihi ya Takenobu, akiisahau kalamu yake mezani, Sugae akaipangusa kwa karatasi ya choo.

"Isiambukize," akasema.

Takenobu akajaza jina lake. Kisha akamgeuzia Chizuru karatasi. Nafasi ya mke ilikuwa wazi, nyeupe.

Chizuru hakuichukua kalamu. Aliikunja karatasi, akaiweka ndani ya kimfuko cha wembe.

"Nitafikiri," akasema.

"Chizu, Jumatatu..."

"Nimesema nitafikiri. Mimi sikupewa nafasi ya kufikiri mara ya kwanza. Kesho saa nne asubuhi, dirisha la manispaa. Nikija, nimekuja."

* * *

Jumapili saa nne kasoro dakika kumi Takenobu alikuwa kwenye benchi mbele ya dirisha la mlinzi, koti juu ya gauni la hospitali, ndara miguuni. Nesi alimwachia saa moja tu. Sugae alikuwa kando yake na makopo mawili ya kahawa ya moto.

Saa nne ikafika. Ikapita.

"Atakuja," akasema Sugae.

"Asipokuja ana haki."

"Haki anayo. Lakini atakuja."

Saa nne na robo. Mlinzi, mzee mwenye kofia ya buluu, alisoma gazeti la farasi wa mbio. Ilipofika saa nne na dakika ishirini, simu ya Takenobu ikalia. Akaitazama, akampa Sugae asome.

"Nipo kituoni Ueno. Treni ya Morioka inaondoka dakika saba zijazo. Tikiti ninayo."

Sugae akalifungua kopo lake asinywe.

"Mjibu," akasema. "Jibu kitu, bwana!"

Takenobu akafikiri. Kisha akaandika, akifuta machozi kwa mkono wa koti:

"Safiri salama. Mlango wa nyuma nilikuwa nauona mkubwa sana kila nilipoufikia. Mwenye makosa ni mimi, si ofisi peke yake."

Ujumbe ukasomwa. Hakuna jibu. Dakika saba zikapita, na nyingine saba. Sugae aliinuka kutafuta teksi ya kumrudisha mgonjwa.

Teksi iliyosimama ilikuwa na mtu ndani.

Chizuru alishuka na mkoba wake na kifurushi cha biskuti za ufuta za nyumbani, kile alichokuwa amemletea tangu Ijumaa. Nywele zilikuwa zimemsimama kwa upepo.

"Miaka ishirini na moja," akasema akimkaribia, "ndiyo mara ya kwanza umesema ni wewe. Siku zote ilikuwa ofisi inataka, ofisi imesema. Ungenijibu leo ofisi, sasa hivi treni ingekuwa imenifikisha Omiya."

"Chizu..."

"Usiongee, utamaliza sauti. Kalamu iko wapi?"

Mlinzi akasukuma kalamu ya kamba kupitia kidirisha. Takenobu, kwa mazoea ya mtu aliyeweka sahihi maisha yake yote, akanyoosha mkono kuipokea.

Chizuru akampiga kofi mkononi.

"Toa mkono. Jina langu naandika mwenyewe."

Akaitoa karatasi kimfukoni, akainama, akaandika. Polepole. Mwandiko wake ulikuwa mdogo, wa mviringo, haukufanana hata chembe na ule wa kwenye karatasi ya kijani. Alipomaliza akautazama muda mrefu, kana kwamba anamtambua mtu.

Mlinzi akaipokea, akapitisha kidole kila mstari.

"Karani ataikagua kesho tukifungua saa mbili unusu. Lakini tarehe itahesabiwa ya leo. Hongereni."

"Mimi nitakuwa hapa saa mbili unusu kuchukua cheti," akasema Sugae. "Daktari anaanza saa saba. Kitafika."

Mlinzi alikuwa amemkazia macho bwana harusi. Akaivua miwani, akaivaa tena.

"Samahani, bwana. Wewe si Raiga?"

Takenobu akamtazama mkewe. Akakusanya kile kilichobaki kooni.

"Hapana, mzee," akasema. "Raiga yuko ofisini kwake. Mimi nauza vigae."

"Aa," mlinzi akasema. "Nilijua. Raiga ni mzuri zaidi."

Chizuru akashika ukingo wa dirisha. Kwanza mabega yalitikisika, Sugae akadhani analia, akamsogelea na kitambaa. Alikuwa anacheka. Alicheka hadi akaumwa mbavu, akakaa kwenye benchi, na mumewe akakaa kando yake akicheka bila sauti, huku analipapasa koo lake lililonyolewa.